Namna ya kumpunguzia ukali mbwa wa nyumbani anayewarukia wageni

Maswali ninayoletewa kuhusu mbwa wakali ni matatu tu, nayo hurudi yale yale kila mwezi. Mmoja huuliza kwa nini mbwa aliyekuwa mpole alipokuwa mdogo sasa anamrukia kila agongaye geti. Mwingine husema amemchapa mbwa wake mpaka fimbo imevunjika, na ukali umezidi badala ya kupungua. Wa tatu anataka mbwa atulie, lakini anahofia kwamba akitulia wezi wataingia. Mwongozo huu unawajibu wote watatu, na unamhusu mbwa wa uani: yule aliyefugwa kwa ajili ya ulinzi, anayeshinda bandani mchana na kufunguliwa usiku, ambaye huwabwekea, huwarukia au hujaribu kuwauma wageni, wapita njia, dereva wa bodaboda aliyeleta mzigo na hata dada wa kazi aliyeanza kazi juzi.

Ukali wa mbwa huyu, mara nyingi kuliko wenye mbwa wanavyopenda kukubali, unatokana na woga. Mgeni anagonga, mbwa anabweka, mgeni anaondoka. Muuza mboga angeondoka tu baada ya kuuza fungu lake la mchicha, na msoma mita angeondoka baada ya kusoma mita, lakini mbwa hayajui hayo. Anachojua ni kwamba alipiga kelele na cha kutisha kikatoweka. Ikiwa jambo hilo hutokea mara 5 kwa siku, baada ya miaka 2 mbwa wako amelifanyia mazoezi zaidi ya mara 3,500, na kila mara amefaulu. Kazi iliyo mbele yako ina sehemu mbili: kuyakatiza mazoezi hayo, na kumfanya mbwa aone kwamba mgeni akitokea, nyama hutokea. Hiyo ndiyo nadharia yote utakayoihitaji.

KABLA YA KUANZA: MBWA ASIYEFAA KUFUNDISHWA LEO

Uweke mwongozo huu kando na umwone kwanza daktari wa mifugo ikiwa ukali umeanza ghafla kwa mbwa aliyekuwa mtulivu. Sikio lenye usaha, jino bovu, jeraha lililofichwa na manyoya, maumivu ya viungo kwa mbwa mzee: yote haya humfanya mnyama aume anapoguswa, na hakuna mafunzo yanayoponya sikio.

Lipo jambo zito zaidi. Mbwa aliyebadilika tabia ndani ya siku chache, anayetokwa na mate mengi, anayeshindwa kumeza, ambaye sauti yake ya kubweka imekwaruza, anayepepesuka au kuuma mawe na miti bila sababu, anaweza kuwa na kichaa cha mbwa. Usimsogelee, usimfunge kamba na usijaribu kumfungua mdomo ili uone kama amekwamwa na mfupa. Mwache nyuma ya mlango au geti lililofungwa, waondoe watoto, na umwite afisa mifugo wa eneo lako mara moja.

Yeyote aliyeumwa, au aliyeparuzwa ngozi ikachubuka, au aliyelambwa penye kidonda, aoshe mahali hapo kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15 kamili, kwa saa na si kwa kukisia, kisha aende hospitali siku hiyo hiyo. Asipake pilipili, mafuta ya taa wala majani. Ugonjwa huu ukishaonyesha dalili kwa binadamu huua karibu kila anayeupata, ilhali chanjo inayotolewa mapema huuzuia. Mbwa aliyeuma, ikiwa anaonekana mzima, asiuawe kwa hasira. Afungiwe mahali salama na aangaliwe kwa siku 10, kwa kuwa mbwa ambaye mate yake yana virusi huonyesha dalili au hufa ndani ya muda huo. Matibabu ya aliyeumwa, hata hivyo, hayazingojei siku hizo.

Usianze peke yako, pia, ikiwa mbwa ameshamwuma mtoto wa nyumbani, au ameshauma watu zaidi ya mmoja, au jeraha lilikuwa la kina lililohitaji kushonwa. Mbwa wa namna hiyo anahitaji mtu mwenye uzoefu atakayemwona kwa macho, na mpaka mtu huyo apatikane, kati ya mbwa na watoto pawe na milango miwili iliyofungwa, si mmoja.

VITU VYA KUWA NAVYO

Hakuna kilicho ghali hapa isipokuwa kifungamdomo, nacho usikikwepe.

- Kadi ya chanjo ya kichaa cha mbwa ambayo haijapitwa na wakati. Kama huna, chanjo ndiyo hatua ya kwanza, na mafunzo yanasubiri.
- Mkanda wa kifuani unaomkaa vizuri. Mkanda wa shingoni humkaba anapovuta, na maumivu ya kukabwa huambatana kichwani mwake na yule mgeni anayemtazama.
- Kamba imara ya mita 2, na nyingine ya mita 5 hadi 10. Mnyororo haufai kwa mafunzo.
- Kifungamdomo cha kikapu, chenye nafasi ya kutosha ili mbwa aweze kuhema, kunywa maji na kupokea chakula akiwa amekivaa. Usitumie kitambaa au kamba inayoubana mdomo usifunguke: mbwa hupoza mwili kwa kuhema, na katika joto la Dar es Salaam au Mombasa kumfunga mdomo hivyo ni kumhatarishia maisha.
- Chakula anachokipenda kuliko vyote, kilichokatwa vipande vidogo kama punje za mahindi: maini ya kuchemsha, firigisi, au dagaa waliokaushwa bila chumvi. Ugali wa jana hautoshi kwa kazi hii. Usimpe kitunguu, chokoleti wala mifupa iliyopikwa.
- Mfuko wa kufunga kiunoni ili mikono ibaki huru.
- Gunia safi la katani, ambalo litakuwa mahali pake pa kukaa. Mkeka hautafaa, ataula.
- Daftari na kalamu.
- Wasaidizi wawili au watatu ambao mbwa hajawazoea, watu wazima wenye subira na wasiopenda kujionyesha ushujaa.

Kila kipindi kiwe cha dakika 5 hadi 10, mara 2 kwa siku, asubuhi na jioni wakati jua si kali na tumbo lake halijajaa. Chakula unachotumia kipunguze kutoka kwenye mlo wake wa siku. Hesabu miezi, si siku: kwa mbwa mwenye tabia ya miaka 2, wiki 8 za kazi ya kila siku ndipo watu wa nyumbani huanza kuona tofauti bila kuambiwa.

HATUA

1. Andika kwa wiki nzima kabla ya kufundisha chochote. Kila anapobweka kwa ukali au kuruka, andika saa, aliyemsababisha, umbali kati yao, na alichokifanya mbwa kabla ya kubweka. Safu hiyo ya mwisho ndiyo yenye faida kubwa. Utagundua kwamba kabla ya kelele kuna dalili ndogo: anafunga mdomo ghafla, mwili unakakamaa, anajilamba pua, anapiga mwayo bila usingizi, weupe wa macho unaonekana pembeni, masikio yanalala nyuma. Usihadaike na mkia. Mkia uliosimama wima na kutikisika kwa kasi na ukakamavu si wa furaha. Daftari pia litakuonyesha usichokitarajia. Wapo waliogundua kwamba mbwa wao hana tatizo na wageni wote, bali na wanaume waliovaa kofia ya pikipiki, au na watoto wa shule wanaopita saa 7 mchana wakiburuza fimbo kwenye ukuta.

2. Zuia mazoezi ya ukali. Kama geti ni la nondo, lizibe kwa bati au turubai mpaka kimo cha mbwa anaposimama kwa miguu miwili, ili asione barabara. Hamishia banda upande wa nyuma wa nyumba ikiwezekana. Weka kengele au kibao kinachowaomba wageni wapige simu badala ya kugonga. Ongea na watoto wanaomrushia mawe, na ukishindwa, ongea na wazazi wao. Mbwa anayepigwa mawe kila mchana hawezi kufundishwa jioni. Halafu mfungue mnyororo. Mbwa aliyefungwa mnyororo hawezi kukimbia anapoogopa, kwa hiyo hubakiwa na njia moja tu, nayo ni kushambulia. Uzio mzuri au banda pana humfaa zaidi, pamoja na matembezi ya kila siku saa ambazo njia haina watu.

Hatua hii haionekani kama mafunzo, na ndiyo maana wengi huiruka. Hawafiki mbali. Dakika 10 za nyama jioni haziwezi kushindana na saa 10 za kubwekea barabara mchana.

3. Mzoeze kifungamdomo. Siku 2 za kwanza kiweke mkononi kama bakuli, utie vipande vya maini ndani, mbwa aingize pua mwenyewe na kuitoa atakapo. Siku 3 zinazofuata pitisha chakula kwenye matundu ili pua ikae ndani kwa sekunde 5, kisha 10, kisha 20. Ndipo ufunge kamba zake nyuma ya masikio kwa sekunde chache, ulishe, ufungue. Ongeza muda taratibu hadi dakika 10 akitembea nacho uani bila kukikwangua kwa miguu. Kosa la kawaida ni kumvalisha kwa nguvu siku mgeni anapokuja. Ukifanya hivyo, kifungamdomo chenyewe kitakuwa tangazo la hatari, na utakuwa umeongeza tatizo la pili juu ya la kwanza.

4. Fundisha gunia. Hapa hakuna mgeni yeyote, ni wewe na mbwa tu. Tandika gunia mahali ambapo geti linaonekana kwa mbali, lakini si karibu na njia ya kupitia watu. Kila anapolikanyaga, dondosha nyama juu ya gunia lenyewe, si mkononi mwako. Akishaelewa kwamba nyama huota pale, atalikimbilia. Hapo ndipo utaje neno moja tu, kwa mfano “gunia”, kabla hajafika. Subiri alale, mlishe akiwa amelala, na uongeze muda kutoka sekunde 3 hadi dakika 3. Neno liwe moja kwa watu wote wa nyumba. Baba akisema “gunia”, mama “kaa pale” na kijana wa kazi “toka”, mbwa hana neno alilojifunza.

5. Tafuta umbali wake. Mwombe msaidizi asimame mbali sana, tuseme mita 40, mahali ambapo mbwa anamwona lakini bado anaweza kula, kugeuka unapomwita jina na kupumua kawaida. Umbali huo ndio unaofanyia kazi. Akikataa maini, au akimkodolea macho msaidizi kwa zaidi ya sekunde 3 bila kugeuka, mko karibu mno. Rudi nyuma bila kumvuta kwa hasira. Kama ua wako ni mdogo, nenda uwanja wa mpira wakati hauna watu, au utumie barabara ya mtaa iliyonyooka, mbwa akiwa amevaa mkanda wa kifuani, kamba na kifungamdomo.

6. Mgeni kwanza, nyama baadaye. Hii ndiyo hatua inayobeba kazi yote, kwa hiyo isome mara 2. Msaidizi anatokea pembeni mwa ukuta. Mbwa anamwona. Hesabu moja, kisha anza kumpa vipande vya nyama kimoja baada ya kingine bila kusita, akiwa ametulia au hajatulia sana. Msaidizi anarudi nyuma ya ukuta. Nyama inakoma papo hapo, mfuko unafungwa, nawe unatazama mawingu. Baada ya nusu dakika msaidizi anatokea tena. Rudia mara 8 hadi 10, kisha mwende nyumbani hata kama kila kitu kinakwenda vizuri, tena hasa kikiwa kinakwenda vizuri.

Mpangilio huo usigeuzwe. Mbwa wangu wa kwanza, dume la rangi ya udongo niliyemwita Simba, nilimharibia hapa hapa: nilikuwa nafungua mfuko wa firigisi kila nilipomwona mtu anakuja, kabla yeye hajamwona, nikidhani namwahi. Baada ya wiki 2 akawa anabweka kila mfuko unapochakarika. Kwake yeye firigisi zilikuwa zinatangaza kwamba mtu anakuja, badala ya mtu kutangaza firigisi, na ilinichukua mwezi mzima kuyafuta niliyoyaandika.

Utajua hatua hii imekamilika siku ambayo mbwa, akimwona msaidizi, anageuka mwenyewe kukutazama usoni kana kwamba anauliza, “Haya, iko wapi?” Usisogee mbele kabla ya kuiona sura hiyo angalau mara 8 katika 10, kwa siku 3 mfululizo.

7. Punguza umbali, jambo moja kwa wakati. Sogea mita 2 au 3 tu kwa siku. Ukipunguza umbali, msaidizi asimame kimya. Ukitaka aanze kutembea, mrudishe mbali kidogo. Ukitaka azungumze, mrudishe tena. Kofia ya pikipiki, mwavuli, mzigo kichwani, fimbo, kanzu au baibui vinavyopepea, kila kimoja ni somo jipya linaloanzia mbali. Mbwa hajumlishi mambo kama sisi: aliyemzoea shangazi bado hajamzoea fundi bomba. Kwa sababu hiyo badilisha wasaidizi, na wawe wa jinsia, umri na maumbo tofauti.

8. Fundisha sauti ya geti. Kwa mbwa wengi mgeni huanzia kwenye sauti, si kwenye sura. Mwombe mtu agonge geti kwa ukucha, taratibu kiasi kwamba mbwa anasikia lakini hainuki, nawe umlishe mara tu baada ya mlio huo. Ongeza nguvu ya kugonga kwa siku kadhaa. Kisha ongeza neno “hodi”, kwanza kwa sauti ya mtu wa nyumbani, baadaye kwa sauti ya mgeni. Mbwa akishatulia, unganisha na gunia: hodi inasikika, unasema “gunia”, mbwa analala, nyama inashuka. Ukiirudia siku nyingi, neno lako halitahitajika tena. Hodi yenyewe itampeleka kwenye gunia.

9. Mwingize mgeni uani. Mbwa amevaa kifungamdomo, yuko kwenye gunia, na kamba imeshikwa na mtu mzima, haijafungwa mtini. Mgeni anaingia, anapita pembeni kwa njia ya mzunguko badala ya kumwendea moja kwa moja, anakwenda kuketi. Mwambie mapema asimkodolee macho mbwa, asimwinamie, asimwite kwa kupiga vidole, na asimnyooshee mkono ili aunuse. Desturi hii ya kunyoosha mkono imewagharimu watu vidole. Mgeni asimlishe kwa mkono wake pia. Mbwa mwoga huvutwa na nyama mpaka karibu kuliko alivyotaka, nyama ikiisha hujikuta uso kwa uso na mtu anayemwogopa. Chakula kitoke kwako.

Hapa niseme neno kuhusu lengo, kwa maana wengi hulikosea. Lengo si mbwa na mgeni kuwa marafiki. Wageni wetu wengi hawataki kuguswa na mbwa hata akiwa mpole kama kondoo, na pwani, ambako Waislamu walio wengi hufuata madhehebu ya Shafii, mate ya mbwa ni najisi inayohitaji kuoshwa mara 7, moja kati ya hizo kwa udongo. Mbwa anayelala kwenye gunia lake wakati wageni wanakunywa chai amehitimu. Hakuna mtihani mwingine.

10. Ondoa misaada polepole. Baada ya wiki kadhaa za ziara tulivu, kifungamdomo kinaweza kuondolewa kwa wageni anaowazoea, kamba ikiendelea kushikwa. Nyama ipunguzwe idadi, lakini isikome kabisa. Kwa wageni wapya, mafundi na sherehe zenye watu wengi, mbwa akae chumba cha nyuma au bandani, na usione hilo kama kushindwa.

MAKOSA YANAYORUDISHA KAZI NYUMA

Kumpiga anaponguruma ndilo kosa kubwa kuliko yote. Kunguruma ni onyo, nalo ni lenye manufaa kwako. Mbwa aliyechapwa kila anaponguruma haachi kuogopa; anaacha kunguruma tu, na siku nyingine atauma bila kutangaza, kisha watu watasema aliuma ghafla. Akinguruma, simama, mwongezee nafasi, na jioni uandike kwenye daftari ni kitu gani kilimfikisha hapo.

Wapo pia wanaomlaza mbwa chali na kumkandamiza shingo ili “ajue nani mkubwa”. Wazo hilo lilitokana na mbwamwitu wasio na undugu waliofungiwa pamoja, kama wale ambao mtafiti Rudolf Schenkel aliandika habari zao mwaka 1947 huko Basel, Uswisi. Baadaye watafiti kama David Mech walionyesha kwamba kundi la mbwamwitu porini kwa kawaida ni wazazi na watoto wao, si uwanja wa kupigania ufalme. Kwa mbwa mwoga, kukandamizwa na mtu anayemlisha ni uthibitisho kwamba hata nyumbani si salama.

Kumlisha mbwa pilipili au kumfungia gizani ili awe mlinzi mkali humpa maumivu ya tumbo na hofu. Hakumfundishi kutofautisha mwizi na mjomba.

Kuhasi hupunguza kuzurura na ugomvi wa madume, na nakupendekezea uzungumze na daktari kuhusu hilo, lakini usitarajie kisu kiondoe woga wa wageni.

MATATIZO NA MAREKEBISHO

Anakataa chakula kila mara. Ama mko karibu mno, ama ameshiba, ama joto limemchosha. Ongeza umbali mara 2, badilisha saa, na ujaribu chakula kingine. Akikataa hata akiwa peke yake na wewe, mpeleke kwa daktari.

Alikuwa anaendelea vizuri, leo amerudi mwanzo. Angalia saa 48 zilizopita. Fataki za mwaka mpya, ugomvi na mbwa wa jirani, mafundi waliopiga nyundo mchana kutwa: hofu hujilimbikiza na huchukua siku kadhaa kushuka. Mpumzishe siku 2 au 3 bila mafunzo, kisha uanzie hatua mbili nyuma.

Ananguruma mtu akipita karibu na bakuli. Usimnyang'anye chakula ili kumzoesha. Hilo ndilo linalomfundisha kulinda. Alishwe mahali pake peke yake, watoto wasikaribie, nawe upitie mbali, umrushie kipande bora kuliko kilichomo bakulini, uendelee na safari yako. Baada ya siku nyingi hatua zako zitakuwa habari njema.

Wamekamatana na mbwa mwingine. Usiingize mkono, hata kwenye mkanda wa shingo. Wamwagie ndoo ya maji, au uingize kiti au ubao mpana kati yao, kisha kila mmoja afungiwe kwake.

Ni mbwa mdogo wa miezi 2, je, aanze lini? Leo. Kipindi ambacho mtoto wa mbwa huizoea dunia kwa urahisi ni kati ya wiki ya 3 na takriban wiki ya 14. Mbebe, mwonyeshe watu wa kila namna kwa utulivu na kipande cha nyama, lakini usimweke chini penye mbwa wasiojulikana kabla chanjo zake hazijakamilika.

Je, akitulia atalinda nyumba? Atabweka, kwa sababu mbwa husikia geti kabla yako, na wewe hujamkataza kutoa taarifa. Mbwa anayebwekea kila kitu humzoesha mwenye nyumba kutoamka. Usiku wa wizi hubweka kama usiku mwingine wowote na hakuna anayechungulia. Mbwa anayebweka mara 3 na kukutazama, usiku atakapokataa kunyamaza utaamka.

Zimepita wiki 12 na hakuna mabadiliko. Fungua daftari uone kama hatua ya 2 ilifanyika kweli. Kama ilifanyika, mtafute daktari wa mifugo mwenye uzoefu wa tabia za wanyama, kwa kuwa kwa baadhi ya mbwa ziko dawa za kupunguza wasiwasi zinazosaidia mafunzo kushika. Usimpe dawa za usingizi za binadamu kwa kukisia.

Nimeshindwa, nataka kumtoa. Mwambie anayemchukua ukweli wote: amemwuma nani, lini, na katika hali gani, kisha umkabidhi kadi ya chanjo na lile daftari. Kumpeleka usiku mtaa wa mbali na kumwachia huko ni kumpelekea mtoto wa mwenzako jeraha. Ikiwa ameuma vibaya zaidi ya mara moja na hakuna nyumba inayoweza kumweka salama, mazungumzo yaliyobaki ni kati yako na daktari wa mifugo, naye ndiye mwenye dawa ya kumlaza milele bila maumivu. Uwepo hapo, na umpe maini yaliyobaki mfukoni.